Mizani Haikuwa Mbovu

Wanangu, mtoto asiyekua hapigi kelele. Mwenye kuharisha atalia, mwenye homa utamhisi kabla hujamshika, aliyeungua utamsikia toka njiani. Lakini huyu asiyeongeza uzito hukaa kimya mapajani mwa mamake, akakutazama tu, na wewe uliyechoka ukashukuru kupata mmoja asiye na fujo. Nilipima watoto zaidi ya miaka ishirini katika kliniki moja ndogo ya Mji wa Kale, hapa Mombasa, na jambo hilo lilinichukua nusu ya miaka hiyo kulijua. Nalitanguliza kwenu mnaoanza kazi hii kwa sababu siku hizi nachoka upesi, na sitaki nikomee njiani bila kulisema.

Kwa cheti mimi sikuwa nesi. Nilikuwa mtu wa mizani. Nampachika mtoto, nasoma uzito, natia nukta kwenye kadi, naunga mstari, naita mwingine. Ila kina mama waliniita Bi Nesi, nami sikuwakataza, kwani nani asiyependa kupandishwa cheo bure? Mimi ni Mdigo wa Likoni, jina langu Mishi. Kila asubuhi nilivuka kwa feri pamoja na wauza nazi na makarani, na nikifika kliniki viatu vimejaa vumbi, wenyewe wa mji wamekwisha kunywa kahawa yao zamani.

Aliyenifundisha kazi ni Bi Dama, nesi mkuu wa pale, Mgiriama mnene, mtu wa kanisa kila Jumapili, na mdomo wake haukuwa na breki. Siku ya kwanza aliniambia, kabla hujampima mtoto, pima mizani. Yetu ilikuwa ile ya kuning'inia, uso wa duara kama saa, imefungwa kwenye boriti, na chini yake suruali ya turubai anamotiwa mtoto miguu ikaning'inia. Kila asubuhi tulitundika pakiti ya unga ya kilo mbili. Mshale ukisoma mbili, twende kazini. Ukisoma vingine, kuna skrubu ya kurekebishia. Asubuhi moja nafika, pakiti haipo. Bi Dama akasimama mlangoni, mikono kiunoni, akauliza kliniki nzima, "Nani amesonga sima jiwe langu la mizani?" Mlinzi alikuwa akitazama dari. Tangu siku hiyo pakiti ilifungiwa kabatini pamoja na dawa, ikaandikwa tarehe, maana unga nao hupungua, wadudu wanakula.

Mengine ni ya mikono, huyapati kitabuni. Usisome mshale mtoto akirusharusha miguu, ngoja atulie. Inama mpaka macho yako yalingane na mshale, ukisimama unasoma uongo. Mtoto wa kiume ukimvua nepi usisimame mbele yake. Na ukimaliza kusoma namba, mtazame mtoto mwenyewe: makalio yamejaa au ngozi imelegea kama suruali ya babake? Namba bila mtoto ni karatasi tu.

Kosa langu kubwa la kwanza lilikuwa la chakula. Tulipewa kijitabu kilichoandikwa na watu wa bara, nami nikakisoma mbele ya benchi kama msahafu: maharagwe, viazi, sukuma wiki. Mama mmoja akainua mkono. "Bi Nesi, na mchele je? Na samaki? Au watoto wa Mvita hawana ruhusa ya kukua?" Benchi likacheka mpaka mimi mwenyewe nikacheka, lakini moyoni niliumia. Bi Dama akaniambia niache kijitabu, niingie majikoni mwa watu. Nikaingia. Huko nikauona uji wenyewe: maji ya mchele, meupe, mepesi kiasi cha kupita kwenye chuchu ya chupa. Mtoto anakunywa, anashiba, analala, mama anafurahi. Ameshiba maji. Tangu hapo tulifundisha uji mzito usiomwagika kijiko kikiinamishwa, utiwe tui la kwanza, lile zito, na samaki achambuliwe miiba apondwe humo humo. Kidogo kidogo, mara tano kwa siku. Hilo hata leo mwaweza kulifundisha, halijachakaa.

Nilijifunza na adabu za mji. Uzito wa mtoto hautangazwi. Ukisema kwa sauti "kilo tisa", mamake atakukata jicho, kwa sababu benchi zima limesikia, na kijicho ni kitu cha kweli kwao. Basi unanong'ona. Na ukisema mtoto amenawiri, utangulize Mashallah. Tena wengi hawakupenda mtoto avuliwe nguo mbele za watu, wala hirizi ivuliwe shingoni. Bi Dama alikuwa akiwapeleka nyuma ya pazia mmoja mmoja, wakavuliwa huko. Ilichukua muda. Benchi linajaa, jua linapanda, watoto wanalia, mama anakuuliza mara tatu kama utamaliza kabla ya adhuhuri.

Sasa nifike kwa Zuhura. Nimezunguka makusudi, mnaona.

Mwaka mmoja katika miaka ya tisini, Bi Dama alipelekwa mafunzoni kwa miezi mitatu, nikabaki na benchi langu. Nami nikajitungia njia ya mkato. Anayetaka kumpima mwanawe na nguo zake, nampima hivyo hivyo, halafu natoa nusu kilo ya nguo na hirizi. Kina mama wakanipenda. Walisema Bi Mishi ana heshima, si kama yule Mgiriama. Nikavimba kichwa. Kazi ilikwisha mapema na feri ya saa saba nikawa naiwahi.

Zuhura alikuwa na miaka kumi na tisa, msichana wa Majengo aliyeolewa katika nyumba ya zamani, kwenye kichochoro nyuma ya Ndia Kuu. Mumewe alifanya kazi bandarini. Nyumba ilikuwa ya mama wa mumewe, Bi Shamsa, mwalimu wa chuo aliyesomesha Kurani nusu ya wasichana wa mtaa ule. Mtoto aliitwa Nasra, mjukuu wa kwanza. Bi Shamsa alimpenda mtoto yule kupita kiasi, na kadi yake ya kliniki aliiweka mwenyewe, ndani ya sanduku la hati za nyumba. Kila Zuhura akirudi kutoka kupima, mama mkwe anavaa miwani, anaufuata mstari kwa kidole.

Mara moja alikuja naye. Akaniketia mbele, akanisalimu vizuri, tukaulizana hali za watu wote wa kwetu na kwao, ndipo akasema, "Mimi siko macho kila saa, Bi Nesi. Lakini mstari huu siku ukishuka, nitajua nyumbani mwangu kumefanywa nini."

Nilimwelewa. Nyinyi huenda hamtamwelewa, basi nawaeleza. Watu wetu waliamini mtoto anayenyonya akidhoofika bila ugonjwa unaojulikana, basi wazazi hawakujizuia. Mama amepata mimba mapema, maziwa yameharibika, mtoto amebemendwa. Neno lenyewe lilitosha kumfungisha mwanamke mlango. Baba halaumiwi. Mama ndiye anayenyooshewa kidole hata na watoto wa jirani. Zuhura alikuwa amekaa pembeni siku ile, anafunga na kufungua kifungo cha buibui. Nilimwona, na sikumfikiria.

Miezi mitatu hiyo Nasra alikuja amevikwa vizuri. Sweta ndani ya joto la Mombasa, kofia, furungu za fedha miguuni, hirizi. Nikampachika na vyote, nikatoa nusu kilo yangu, nikatia nukta. Mstari ulipanda, si sana, lakini ulipanda. Nikamnong'oneza mamake, "Mashallah, anakwenda vizuri." Zuhura alinishukuru kila mara, na kila mara alikuwa kama mtu aliyeponea. Nikadhani ni haya tu ya mtoto wa watu.

Mwezi wa tatu Bi Dama alirudi, mimi ndio kwanza nimemtoa Nasra kwenye suruali. Akampokea ili amwamkie, akamwinua, akamshusha. Akamwinua tena.

"Mishi, huyu umemwandika ngapi?"

"Sita na mia nane."

"Mikono yangu haikubali. Mvue."

"Bi Dama, kwao hawapendi..."

"Nimesema mvue."

Tukaingia nyuma ya pazia. Zuhura akamkumbatia mtoto, anasema ana kikohozi, atapata baridi, atamleta kesho. Bi Dama akafungua sweta, kofia, gauni, nepi ya kwanza, nepi ya pili, na baina ya nepi mbili kulikuwa na mkanda wa kitambaa ulioshonwa kwa mkono, mshono mzuri kabisa. Akaupasua kwa makasi. Zikaanguka sakafuni chubwi mbili za risasi, zile nzito za kuzamishia mshipi wa kuvulia samaki.

Tulimpima kama alivyozaliwa. Kilo tano na gramu mia nane. Mtoto wa miezi tisa. Mbavu zake ungeweza kuzihesabu ukiwa mlangoni, na ngozi ya makalio ilining'inia. Alikuwa akinitazama, kimya, ule ukimya niliowaambia mwanzo. Ningeweza kuuona kila mwezi lau ningekubali kuchelewa feri.

Zuhura alikaa chini, kwenye simiti. Alikuwa na mimba ya miezi minne. Alipoijua tu alimwachisha Nasra ziwa siku ile ile, kwa kuogopa maziwa yatamdhuru, na kwa kuogopa zaidi mtu asijue amemwachisha. Aliingia chumbani na mtoto, akafunga mlango kama ananyonyesha, akampa chupa ya uji mwepesi. Alimwogesha mwenyewe, akamvika mwenyewe, hakumwachia mtu. Mstari ulipotaka kushuka alimvika furungu. Mwezi wa pili akaongeza chubwi moja. Mwezi wa tatu ya pili.

"Nilijua nusu kilo haitoshi kutoa," akaniambia. "Samahani, Bi Nesi."

Ananiomba samahani mimi. Nilitaka ardhi inimeze.

Bi Dama akamwandikia barua ya kwenda hospitali kubwa wakalazwe siku hiyo hiyo. Hapo ndipo Zuhura alipoanza kulia kweli. Si kwa hospitali. Alisema, "Mama atauliza kadi inapanda na mtoto analazwa kwa nini. Nitamwambia nini? Nitaachwa, Bi Dama. Mume wangu hawezi neno mbele ya mamake. Na mtoto atabaki kwao, huyu na huyu wa tumboni." Akakataa kwenda. Akaanza kumvika mtoto upya, ati arudi naye nyumbani, atamlisha vizuri, atamponya mwenyewe.

Nikaona tutampoteza Nasra kwa ubishi ule. Nikasema, "Nenda hospitali. Kwa Bi Shamsa nitakwenda mimi."

Nyumbani kwao nilipandishwa juu, nikakalishwa kwenye kiti kizuri, nikaletewa sharubati. Tukajuliana hali. Halafu nikasema, "Bi Shamsa, nimekuja kukuomba radhi. Mizani yetu ilikuwa mbovu. Ilikuwa ikisoma zaidi. Nasra hakuwa akiongezeka kwa uji mwepesi, na sisi hatukujua tukaubadilisha."

Niliutayarisha uongo huo njia nzima na niliuona mzuri. Haumwumizi mtu ila mimi, na mimi nilistahili.

Bi Shamsa hakupiga kelele. Alivua miwani, akaifuta kwa ncha ya leso. "Nilimwinua juzi nikamwona mwepesi," akasema polepole. "Nikasema, hapana, kadi yasema yuwapanda, ni mikono yangu imezeeka. Nikaiamini kadi yako nikaikanusha mikono yangu." Akavaa miwani. "Na hawa wana wengine mliowapima?"

Hilo sikulitayarisha. Nikasema imekwisha kutengenezwa.

"Iliharibika lini?"

"Hatujui, mama."

Akatikisa kichwa. Nikamaliza sharubati yangu nikaenda zangu.

Zuhura alisalimika. Hospitali walimpa Nasra maziwa yenye sukari na mafuta, kijiko kwa kijiko, usiku na mchana, na baada ya siku kumi akaanza kulia. Nilipokwenda kuwatazama nilimsikia toka ukumbini akigombana na sindano, nikakaa kwenye benchi la nje nikafurahi peke yangu.

Lakini Bi Shamsa alikuwa mwalimu, na mwalimu hufundisha. Hakusema kwa ubaya. Aliwaambia wanafunzi wake waangalie wana wao, mizani ya kliniki si ya kutegemewa, mjukuu wake nusura afe. Ndani ya wiki mbili hakuna barza isiyojua. Kina mama waliendelea kuja kwa chanjo, walikuwa hawachezi na chanjo. Wakidungwa, naita jina kwa mizani, naambiwa, "Ahsante Bi Nesi, sindano yatosha." Kwa adabu kabisa. Suruali ya turubai ikaning'inia asubuhi nzima haina mtoto. Mmoja aliniuliza kama nampimia pia nyama ya bucha. Nikacheka, nikaita jina lililofuata.

Bi Dama alikuwa amekwisha nigombeza siku ile ile niliyotoka kwa Bi Shamsa. "Umemsitiri mama mmoja, vizuri. Sasa nani atampima mwanawe kwa mizani mbovu?" Alitaka nirudi nikaseme kweli. Nikamwambia nikisema kweli Zuhura anaachwa, tungoje basi atoke hospitali, apate nguvu, tuone. Bi Dama akanikubalia, kwa shingo upande. Tukangoja. Ndivyo ilivyo, wanangu, jambo gumu ukilisogeza siku moja linakubali kusogezwa na ya pili. Tulingoja wiki saba.

Nyumba ya nne kutoka kwa Bi Shamsa alikaa mwanamke aitwaye Mwanaidi, na mwanawe wa kiume, Faraj, wa miezi kumi. Mwanaidi alikuwa haniachi mwezi hata mmoja. Anakuja wa kwanza, kadi ameitia kwenye mfuko wa nailoni isilowe. Baada ya uongo wangu hakuja tena. Wiki ya sita Faraj alishikwa na kuharisha. Walipomfikisha hospitali hakuwa na kitu mwilini cha kumshikilia. Siku ya pili alikufa.

Sisemi mizani ingemwokoa. Watoto wanene pia hufa kwa kuharisha, nimewaona. Lakini kadi yake ililetwa kliniki pamoja na karatasi zake, na nikaiona nukta ya mwisho, niliitia mimi, kisha miezi miwili mitupu. Aliyemwona hospitali aliandika kwamba mtoto alikuwa amekonda kabla ya kuugua. Katika miezi hiyo miwili ningeona. Safari hii ningeona.

Nilikwenda matangani. Nikakaa mkekani pamoja na wanawake wengine, Mwanaidi akiwa pembeni ya ukuta, amefunikwa kanga. Nilimpa pole. Akanishika mkono, akasema, "Ahsante kuja, Bi Nesi, na ulivyo mbali." Nikatoka. Nilivuka feri nimesimama, nafasi ya kukaa ilikuwapo.

Siku ya kliniki iliyofuata ilikuwa ya chanjo, benchi limejaa. Zuhura akaingia na Nasra kiunoni, na Bi Shamsa nyuma yake ameshika kadi. Tumbo la Zuhura sasa lilikuwa halifichiki hata kwa buibui, na watu walikuwa wakiangaliana. Nilidhani amekuja kwa sindano. Hakukaa. Alikwenda moja kwa moja mpaka kwenye mizani, akasimama kando yake, akageukia benchi.

"Mama zangu, dada zangu," akasema. "Mizani hii haikuwa mbovu. Mimi ndiye niliyemshonea mwanangu risasi nguoni, azidi uzito. Bi Mishi alisema uongo kunisitiri mimi. Mizani ni nzima. Faraj hakuletwa kupimwa kwa sababu yangu. Wapimeni wana wenu."

Mama mmoja aliyekuwa mbele akamkumbatia mwanawe.

Bi Shamsa alikuwa bado amesimama mlangoni. "Ulimtia mwana risasi kwa kuniogopa mimi?"

"Ndiyo, mama."

"Hukuogopa atakufa?"

Zuhura alikuwa analia, lakini alimtazama usoni. "Nilikuogopa wewe zaidi."

Bi Shamsa akatafuta mahali pa kukaa. Wanawake wawili walimsogelea, akawazuia kwa mkono. Alikaa pale na kadi mapajani. Mimi nilitegemea neno la talaka, na nadhani Zuhura pia, maana alikuwa amesimama kama mtu anayengoja kupigwa. Mwishowe mama yule akainuka, akaja mezani kwangu, akaiweka kadi mbele yangu. Akasema, "Kaa nayo wewe. Mimi siistahili kuwa nayo." Kisha akamchukua Nasra kutoka kwa mamake, akamvua mwenyewe, kofia, gauni, nepi, hirizi, mbele ya benchi zima, akampachika. Nasra akapiga ukelele wa kutosha mitaa miwili. Nikainama mpaka macho yakalingana na mshale, nikaandika. Nyuma nikasikia mtu anafungua vifungo vya mwanawe, na mwingine.

Zuhura hakuachwa. Alizaa salama, na waliishi nyumba ile na mama mkwe wake, si kwa mapenzi makubwa, lakini waliishi. Bi Dama alinirudisha nyuma ya pazia kuvua watoto mmoja mmoja, na sikuiwahi tena feri ya saa saba mpaka nilipostaafu. Mkiulizwa nilichowafundisha, semeni hilo: vueni watoto. Tengeni muda, chelewesheni safari zenu, vueni.

Limebaki moja, na ndilo lililonifanya nikubali kusema nanyi. Mwanaidi hakuwapo kliniki siku ile, alikuwa ndani, anakaa msiba wa mwanawe. Alisikia, bila shaka, mtaa ule hauna siri. Lakini kusikia barazani si kuambiwa na mwenye kosa. Nilipaswa kwenda. Nilisema nitakwenda arobaini ikipita. Ikapita. Miaka ikapita. Nikikutana naye Ndia Kuu alinisalimu, "Sabalkheri, Bi Nesi," nami nikaitikia, nikamuuliza hali, akasema Alhamdulillahi, tukapishana. Mara nyingine nilimwona kwa mbali nikapinda kichochoro. Hakuniuliza hata siku moja. Alizaa wengine watatu, na wote aliniletea mimi niwapime.

Mwaka jana walinipigia simu kwamba amefariki. Zuhura alikuwa na miaka kumi na tisa, hana cheti, ana mimba na mama mkwe mlangoni, akasema lake mbele ya watu. Mimi langu nimelisema leo, kwenu, na aliyestahili kuambiwa hayupo.